Folda ya Makipa

Jumatatu, 3 Machi

Umeme umekatika tangu asubuhi na mvua inapiga bati kama imetumwa, ndiyo maana unaniona na kalamu. Wewe unayesoma hili bila ruhusa, jua kwamba nakujua, na dada yangu ndiye mshukiwa wa kwanza. Daftari lenyewe ni la hisabati la kidato cha pili. Kurasa saba za mwanzo zilijaa alama nyekundu za kosa, nikazichana nikawashia jiko. Zilizobaki ni safi kama roho yangu.

Kwa wasionijua, mimi ni Kamanda. Jina nimejipa mwenyewe, maana ningesubiri kupewa ningepewa baya zaidi. Mtaa huu hakuna wa kunifunga kwenye gemu ya mpira. Misimu minne mfululizo kombe ni langu, magoli mia tatu na kumi na mbili, na ushahidi wote umo ndani ya kompyuta. Shule niliacha mwenyewe. Wengine husema shule ndiyo iliyoniacha, lakini wengine hawana daftari hili.

Jumatano, 5 Machi

Mvua. Umeme ulirudi mchana. Nilimfunga Toroli saba bila. Toroli ni jirani yetu, anasukuma toroli kwenye duka la vifaa vya ujenzi, na kwenye gemu anasukumwa yeye.

Ijumaa, 7 Machi

Leo kuna habari, kalamu itachoka.

Chumba chetu cha mbele ni karakana ya Dada. Dada ni fundi wa kudarizi: maua ya vitambaa vya meza, majina ya kwenye taulo, nakshi za shingo za magauni. Mashine yake ina sindano sita na hasira za mtu mzima. Mchoro anauchora kwenye kompyuta, anaubeba kwa flashi, anaichomeka kwenye mashine, na mashine inashona yenyewe huku Dada amesimama pembeni na mkasi. Kompyuta ni kuukuu, mjomba alitupatia ofisini kwao walipopata mpya. Kwa amri ya Mama, asubuhi ni ya Dada na alasiri ni yangu. Mama anafua mashuka ya hospitali kutwa nzima, akirudi hana nguvu ya kuamua kesi, kwa hiyo aliamua mara moja na sheria ikabaki hiyo.

Habari yenyewe ni kwamba shule imempa Dada kazi. Sweta mia moja na themanini, kila moja na beji kifuani. Shule gani? Ileile. Mwalimu Mkuu alikuja mwenyewe na mwavuli wake, akasema sweta zifike Ijumaa ya tarehe mbili Mei, maana wanafunzi wanafungua Jumatatu yake. Zikifika kwa wakati na beji ikanyooka, kazi ya shule itakuwa ya Dada kila mwaka. Zisipofika, itarudi kiwandani ilikotoka na yeye hatabisha hodi hapa tena. Akageuka akaniona, akauliza kama bado nasimama mlangoni. Ndilo jina langu la shule, Mwanafunzi wa Mlangoni, kwa sababu kila somo likifika dakika ya kumi, mimi nilishafika huko.

Dada hakurukaruka. Alienda jikoni akaosha vikombe ambavyo vilishaoshwa.

Jumatatu, 10 Machi

Nimefanya kosa dogo. Toroli alipata gemu mpya ya magari kwa rafiki yake, nikahitaji flashi ya kuibebea, na flashi nyumba hii ni moja. Ilikuwa imejaa vitu fulani. Nikavifuta.

Vitu fulani vilikuwa shingo ya gauni la bibi harusi, kazi ya siku tatu.

Dada hapigi kelele. Afadhali angepiga. Aliniangalia kama mtu anavyoangalia bati linalovuja: hulikasirikii bati, unahamisha kitanda.

Jumanne, 11 Machi

Mvua. Dada amechora shingo upya. Nimempikia chai. Hakuinywa, ila hakuimwaga.

Jumanne, 18 Machi

Kompyuta imegoma. Dada alikuwa ameanza beji, amefika kwenye bawa la ndege, akabonyeza kusevu, kioo kikamwambia nafasi haitoshi. Akajaribu mara tano. Diski imejaa mpaka kooni, na iliyoijaza ni nani? Alihesabu gemu kwa ncha ya mkasi, moja moja, zikafika kumi na tisa. Kuna ya kulima shamba. Kuna ya kuendesha treni, ambayo nilicheza mara moja nikalala. Kuna ya vita ambayo haijawahi hata kufunguka.

Nilitegemea hotuba. Akasema tu, "Toa hizo gemu, mdogo wangu. Ile ya mpira iache."

Nikajua ananipenda, kumbe.

Jumatano, 19 Machi

Kazi imekwisha. Gemu kumi na nane kwa dakika nne. Nilishika kila kipicha pale mbele ya kioo, nikafuta. Kioo sasa ni cheupe, kimebaki kipicha cha mpira na cha mashine ya Dada. Nimemwambia aniite akipata tatizo lolote la kitaalamu.

Alhamisi, 20 Machi

Nafasi haitoshi. Neno kwa neno kama juzi. Dada ameniita kama nilivyomwambia, kwa sauti ya upole inayoniudhi. Nimesema kompyuta inahitaji muda wa kusahau.

Jumamosi, 22 Machi

Nimeenda kwa Miwani, fundi wa kompyuta wa pale njia panda. Kibanda chake kina upana wa mlango, na yeye mwenyewe ana vioo vinene kama vitako vya chupa. Nikamweleza nilivyofuta. Alivua miwani akaipangusa, akaivaa, akanitazama upya.

"Umeng'oa kibao cha mlangoni," akasema. "Mwenye nyumba bado yumo ndani, kajilaza."

Vijana wawili waliokuja kujaza muziki kwenye simu zao walicheka mpaka mmoja akashika ukuta. Mimi nikajitia hamnazo. Lakini nilikaa pale nikafundishwa: unaiondoa gemu kwenye orodha ya programu, inajitoa yenyewe, halafu unafuata folda yake, kwa sababu huacha mabaki. Mabaki unayafuta kwa mkono ukiwa umebonyeza kitufe cha Shifti, ili yasipitie pipa la taka bali yaondoke moja kwa moja. Nimeandika yote hayo mkononi kwa peni. Mvua ikafuta nusu, lakini nusu nyingine ilikuwa kichwani.

Jumatatu, 24 Machi

Nimeanza. Gemu ya shamba, kwaheri. Ng'ombe wangu arobaini walikuwa wamekufa kwa njaa tangu mwaka jana.

Jumanne, 25 Machi

Treni. Sikulia.

Jumatano, 26 Machi

Za vita, zote tatu. Dada alipita nyuma yangu na rundo la vitambaa, akasimama, akaangalia kioo. Akasema tena, ile ya mpira niiache.

Jumamosi, 29 Machi

Mvua siku ya nne bila kupumua. Gemu ya magari imenisumbua kwa sababu ndiyo iliyoua shingo ya bibi harusi, na kuifuta ni kama kukiri. Nimeifuta nikiangalia dirishani.

Jumatano, 2 Aprili

Zimebaki mbili, ya mpira na ya ngumi. Ya ngumi ni ya Toroli, aliiweka yeye. Nimeifuta kwa furaha.

Nafasi imepatikana, lakini ni ya kubanana. Beji inaingia, ila kompyuta inatembea kama mgonjwa. Dada akisevu, anaweza kukata nyuzi za vitambaa vinne kabla haijamaliza. Ndege ana manyoya mia na kitu, na kila unyoya una mwelekeo wake wa uzi. Chini kuna kitabu, juu nyota tatu, na kuzunguka maneno ya shule kwa herufi ndogo kama sisimizi. Nilikaa miaka miwili na hiyo beji kifuani na sikujua ndege ana jicho.

Ijumaa, 4 Aprili

Nimemwambia Dada gemu ya mpira peke yake inakula gigabaiti arobaini na nane. Nikifuta hiyo, kompyuta itakimbia. Nilisema kama mzaha tu, kuona atasemaje.

Aliacha sindano. "Hiyo usiiguse. Sikutanii."

Mara ya tatu sasa. Mwanzoni niliona ni upendo. Leo nimeanza kuona kitu kingine. Anaona siwezi. Anaona mimi bila hiyo gemu nitazimia pale sakafuni kama samaki.

Jumatatu, 7 Aprili

Mvua. Natembea chumba hiki hatua saba kwenda, saba kurudi. Mama amesema nikae, namtoboa sakafu.

Jumatano, 9 Aprili

Toroli kanikalia kooni. Alikuja kucheza, akaona gemu zote zimeondoka imebaki moja, akauliza imekuwaje. Nikamweleza, na hapo ndipo nilipokosea, kwa sababu Toroli mdomo wake hauna breki. Ameeneza mtaa mzima kwamba Dada anahangaika na kompyuta ya kilema, kazi ya shule inamkaba shingo, na ananionea huruma mimi, mtoto wa miaka kumi na minane, asininyang'anye mdoli wangu. Leo dukani mmoja aliniuliza kama nimeshanyonya.

Nimecheka nao. Mimi nacheka vizuri sana nikiumia.

Ijumaa, 11 Aprili

Dada amemaliza beji. Ameunyoosha mgongo mpaka nikasikia mifupa. Ataijaribu Jumatatu, kwa sababu mashine imefungwa na vitambaa vya meza vya watu wengine mpaka Jumapili. Usoni alikuwa na kitu sijui nikiiteje. Kama mtu aliyeshusha ndoo kichwani.

Jumamosi, 12 Aprili

Nimefuta.

Dada alikuwa ameenda sokoni kununua nyuzi za bluu. Nilikaa, nikafungua kombe langu nikaliangalia, magoli mia tatu na kumi na mbili, nikalifunga. Nikaondoa gemu. Ilichukua dakika kumi na moja. Halafu nikafuata mabaki kama nilivyofundishwa. Ndani ya folda yake kulikuwa na vifolda vya viwanja, vya jezi, vya sauti za mashabiki, na kimoja kimeandikwa Mazoezi ya Makipa. Nikashangaa kidogo, sikukumbuka mazoezi hayo. Ila mimi na makipa wapi na wapi, mimi ni mfungaji. Nikashika vyote, Shifti, futa, ndiyo.

Kompyuta inakimbia kama imepewa miguu mipya. Sijamwambia. Kesho atawasha atajionea mwenyewe, na Jumatatu mtaa mzima utajua Kamanda ni nani. Mkono wa kulia unanitekenya, unatafuta pedi ya kuchezea gemu. Nimeukalia.

Jumapili, 13 Aprili

Mungu wangu.

Nisipoandika nitatembea mpaka nje ya mtaa.

Baada ya chai Dada aliwasha. Nikajiweka pale pembeni, mikono kifuani, kama fundi aliyemaliza nyumba. Kompyuta ikawaka upesi. Akatabasamu, kweli alitabasamu. Halafu akaanza kutafuta. Akafungua, akafunga, akafungua tena.

"Folda ya mpira iko wapi?"

Nikasema nimeifuta. Nikasema nimemfanyia yeye. Nikasema mengine pia, kuhusu Toroli, kuhusu mimi si mtoto, nikapanda na kupanda.

"Na mabaki?"

"Mpaka ya mwisho," nikasema, na bado nilikuwa najivuna. Nataka hilo liandikwe, kwamba nilikuwa bado najivuna.

Akakaa juu ya boksi la nyuzi. Boksi likabonyea. Halafu akaniambia taratibu, kama anamweleza mteja. Tangu nilipofuta ile shingo ya bibi harusi alitafuta mahali pa kuficha kazi zake. Flashi, hapana. Folda zake mwenyewe, hapana, maana nafungua kila kitu nikitafuta nafasi. Ndipo akazihamishia zote kwenye gemu ya mpira, akaziita Mazoezi ya Makipa. Michoro mia moja arobaini na moja, miaka miwili. Na beji.

"Nyumba nzima hii," akasema, "palikuwa mahali pamoja tu ambapo nilijua hutathubutu kufuta."

Hakulia. Mimi ndiye niliyeenda nyuma kwenye pipa la maji, na mvua ilikuwa inanyesha, kwa hiyo hakuna ushahidi.

Nikakimbia kwa Miwani. Kibanda kimefungwa. Nikaulizia mpaka kwake nikamkuta barazani anacheza drafti na mkewe, anashindwa. Nilikuwa nimelowa mpaka kwenye ulimi. Nikamwambia kila kitu, bila chumvi, na hiyo nadhani ni mara yangu ya kwanza.

Akauliza kama kompyuta inawaka. Nikasema ndiyo.

"Rudi uizime. Usiiwashe hata kuangalia saa." Kisha akanieleza huku anavaa viatu. Kilichofutwa hakijaenda popote. Kompyuta imeandika tu kwamba kiti ni kitupu, lakini aliyekikalia bado yupo, mpaka aje mwingine amkalie. Kila ukiwasha, kuna wanaotafuta viti.

Sijawahi kukimbia hivyo hata kwenye mpira wa kweli.

Mama alirudi jioni akatukuta tumekaa mbele ya kompyuta iliyozimwa kama tuko msibani. Alisikiliza pande zote mbili. Mikono yake ilikuwa imejikunja kwa maji kama zabibu kavu. Hakunigombeza. Alisema tu kwamba ile sheria ya asubuhi na alasiri imekufa leo, na mimi nitafanya lolote Miwani atakalosema, kutwa, mpaka mwisho.

Jumanne, 15 Aprili

Siku mbili Miwani amekuwa na diski yetu kibandani, ameiunganisha na yake, anavuna kilichofutwa. Leo ameirudisha pamoja na diski ya pili aliyotuazima. Amevuna vingi. Ubaya ni mmoja.

"Miili ipo," akasema. "Majina yamepotea."

Yaani kila faili limerudi na namba tu. Elfu tano mia nane na sitini. Humo mna vipande vya viwanja, vipande vya jezi, kelele za mashabiki, na mahali fulani humo michoro ya Dada. Programu ya Miwani haijui mchoro wa kudarizi unafananaje, haikusomea. Njia ni kufungua moja baada ya jingine kwa programu ya Dada. Linalokataa ni takataka ya gemu. Linalofunguka ni lake.

Dada akapiga hesabu kwenye kipande cha karatasi. Beji moja mashine inashona dakika kumi na nne. Mara mia na themanini, ni saa arobaini na mbili, na umeme wetu huu wa kubembelezwa. Lazima mashine ianze Alhamisi ya tarehe ishirini na nne. Kuichora upya ni wiki tatu, haipo. Na yeye hawezi kutafuta, ana vitambaa vingine vya watu ambavyo mchoro wake ulishaingia kwenye mashine, na mashine haiachwi peke yake.

Wote wakanitazama. Miwani aliivua miwani.

"Utakaa?" Dada akauliza.

Jumatano, 16 Aprili

Nimekaa. Mafaili mia tano na kumi. Yote yamekataa. Kila moja kioo kinasema hakitambui. Mimi pia sijitambui.

Alhamisi, 17 Aprili

Leo mia sita arobaini. Limefunguka moja. Ni ua, ua dogo tu la kona ya kitambaa. Nilipiga kelele Dada akaacha mashine akaja na mkasi mkononi. Akasema, hilo nililichora nikiwa na homa. Akarudi kazini. Lakini niliona.

Ijumaa, 18 Aprili

Umeme hakuna mpaka saa tisa. Nilikaa hapohapo kwenye kiti, mbele ya kioo cheusi, nikiogopa kwamba nikisimama sitarudi.

Jumamosi, 19 Aprili

Toroli alikuja dirishani akauliza Kamanda anacheza gemu gani siku hizi. Nikamwambia ni gemu ya kufungua milango elfu tano na nyuma ya kila mlango hakuna mtu. Akacheka. Nikamwambia kombe halipo tena, nimelifuta mwenyewe, na beji ya Dada pamoja nalo. Hapo hakucheka. Aliondoka kwenye mvua, akaleta betri kubwa ya dukani kwao kwenye toroli, wametuazima mpaka mwisho wa mwezi, ili umeme ukikatika kompyuta isizime. Nikamwambia amechelewa.

Jumapili, 20 Aprili

Elfu mbili mia saba. Michoro thelathini na nne imepatikana. Sasa najua vitu ambavyo sikujua. Dada amechora mashua ya mtoto, ufunguo, mkono unaoshika mkono. Amechora jina la mtoto mmoja mara tisa, kwa namna tisa, kabla hajaridhika. Wakati huo mimi nilikuwa upande wa pili wa chumba hikihiki nafunga magoli, namwomba apunguze kelele za mashine.

Faili namba 2,688 ni jogoo. Kifua amekitoa mbele kama mlango, kichwa juu, na kwenye bawa amevaa kitambaa cha unahodha. Nikamuuliza ni la mteja gani.

"La nyumbani," akasema, bila kugeuka.

Nilinuna saa nzima. Halafu nikalifungua tena. Kifua kimefanana na changu, siwezi kukataa.

Jumanne, 22 Aprili

Elfu tatu mia tisa. Macho yana mchanga. Miguu inaenda yenyewe chini ya meza, Dada amenifunga goti kwa kipande cha utepe, ati nikumbuke kutulia. Imesaidia kidogo.

Jumatano, 23 Aprili

Elfu nne mia nane na hamsini. Michoro mia moja na tatu. Beji hakuna. Mwalimu Mkuu amemtuma mlinzi kuuliza kazi imefikia wapi. Dada alimjibu kwamba tuko kwenye beji. Si uongo. Baada ya hapo alikunja sweta moja, akaikunjua, akaikunja tena.

Kumekuwa na wazo linanitembea: huenda ndiye aliyekaliwa. Huenda siku ileile, kabla sijaizima, kitu fulani kilikuja kikakaa kwenye kiti cha ndege. Sikumwambia. Naona na yeye hakuniambia.

Alhamisi, 24 Aprili

Faili namba 5,377. Saa tatu na robo asubuhi, nimekesha.

Kwanza ilikuja nyota moja. Kompyuta inachora mchoro polepole, uzi kwa uzi, kutoka juu. Nyota ya pili. Nilishika kiti. Ya tatu. Halafu kichwa, halafu lile jicho.

Sikupiga kelele. Nilisema, "Dada," kwa sauti ya kawaida, na nadhani sauti ya kawaida kutoka kwangu ndiyo iliyomwogopesha, kwa sababu aliizima mashine kwanza. Akaja akasimama nyuma yangu. Tulimwangalia ndege akiota manyoya mpaka wa mwisho, mpaka sisimizi wote wa maneno walipojipanga. Hakuna lililopungua. Akaniwekea mkono kichwani, mzito, akauacha hapo kama mtu aliyeusahau.

Kabla ya beji alijaribu uzi kwenye kitambaa kibovu. Alitumia jogoo. Amenirushia kitambaa, ndicho kinachoshika ukurasa huu.

Ijumaa, 25 Aprili

Sweta ishirini na moja.

Jumatatu, 28 Aprili

Tisini na nane. Umeme unakuja unaondoka. Betri ya Toroli haiwezi kuvuta mashine, kwa hiyo ukirudi tu tunaruka, mimi naweka sweta kwenye fremu, Dada anashona, Mama akirudi anakata nyuzi za nyuma. Asubuhi nafungua mafaili yaliyobaki, michoro mia moja thelathini na tisa imepatikana. Miwili sijui, labda ilikaliwa.

Alhamisi, 1 Mei

Mia moja na themanini. Mvua imeacha saa kumi, ghafla, masikio yakabaki yanasikiliza.

Ijumaa, 2 Mei

Tulipeleka kwa toroli la Toroli, tumefunika nailoni. Mwalimu Mkuu alichukua sweta ya katikati ya rundo, si ya juu, mjanja yule. Akaileta karibu na dirisha. Akahesabu nyota, akasoma maneno kwa kidole. Akamwambia Dada waonane Novemba kwa za mwaka ujao.

Dada, sijui kwa nini, akaanza kumweleza yaliyotokea. Yote, hata makipa. Mimi nilikuwa nimesimama wapi? Mlangoni. Alipofika kwenye siku tisa na mafaili elfu tano, Mwalimu Mkuu alishusha sweta akanitazama.

"Huyu? Alikaa?"

"Alikaa," Dada akasema.

Nikashika fremu ya mlango.

Jumatatu, 5 Mei

Asubuhi wamepita watoto wa shule mbele ya nyumba. Nimewahesabu ndege mpaka nikachoka.

Toroli amekuja na flashi yake mwenyewe. Ameniletea gemu ya mpira, mpya, ya mwaka huu, ati kama malipo ya saba bila. Niliishika kiganjani. Nilienda hatua saba, nikarudi saba. Nikawasha kompyuta kuangalia nafasi: gigabaiti sabini na moja tupu, kama uwanja kabla ya mechi. Na pale mbele ya kioo, katikati kabisa, ambapo hata kipofu angepagonga, pana folda moja. Mazoezi ya Makipa. Michoro yote imo, imewekewa majina upya, na jogoo yumo.

Nikamuuliza Dada kama amechanganyikiwa, anaiacha wazi hivyo mahali ninapoweka mkono kila siku.

Alikuwa anatunga uzi kwenye sindano, jicho moja limefumbwa.

"Nimechoka kuficha," akasema. "Wewe kaa golini."

Nimemrudishia Toroli flashi yake. Nimemwambia gemu nitakuja kucheza kwao, na ajiandae. Kisha nikavuta kiti, nikakaa. Mguu unacheza chini ya meza, acha ucheze.